Mzee kutoka Kyzyl

Jumanne, 4 Machi 2025

Nimeitazama tena Dersu Uzala, filamu ya mwongozaji Mjapani Kurosawa ya mwaka 1975. Safari hii hadithi nimeiacha ipite. Macho yangu yote yalikuwa kwa Maxim Munzuk. Ndiye anayemwigiza Dersu, mwindaji Mnanai aliyeishi kweli na kumwongoza Kapteni Vladimir Arsenyev katika misitu ya Ussuri, mashariki ya mbali kabisa ya Urusi. Ndui ilikuwa imemmalizia Dersu mke na watoto.

Kipande cha Ziwa Khanka hakinitoki. Wawili hao wamepotea, ardhi ni barafu tupu, upepo umefuta nyayo zao, na jua linazama. Dersu anamwamuru kapteni akate nyasi, aendelee kukata, asipumzike. Arsenyev anaanguka kwa uchovu. Mzee anasimamisha miguu mitatu ya kifaa cha kupimia ardhi, anairundikia nyasi, anazikaza kwa kamba, kisha anamwingiza mwenzake humo. Asubuhi wako hai wote wawili. Hofu ya Munzuk imo sautini tu. Mikono yake inakwenda mbio bila kubabaika, na ni mikono hiyo iliyonifanya niamini kwamba mtu anaweza kuvuka usiku ule.

Alhamisi, 6 Machi

Wapo wanaosema Munzuk hakuigiza, kwamba walimkuta tu msituni jinsi alivyo. Inaniuma. Munzuk alikuwa Mtuva, na Tuva ilikuwa nchi yenye serikali yake hadi Wasovieti walipoimeza mwaka 1944. Alikuwa miongoni mwa waasisi wa tamthilia ya Kituva mjini Kyzyl: mwigizaji, mwongozaji, mwimbaji. Kutoka Kyzyl hadi Ussuri ni maelfu ya kilomita, na Watuva na Wananai ni watu wawili tofauti, kila mmoja na lugha yake. Ule mwendo wa kuinama kidogo, kule kuuzungumzia moto na maji kana kwamba ni watu, ni kazi ya msanii aliyekwisha kukaa jukwaani miaka mingi. Alikuwa amepita umri wa miaka 60 Kurosawa alipomwita.

Jumapili, 9 Machi

Nimerudia sehemu ya mwisho. Macho ya Dersu yamefifia, hawezi tena kulenga shabaha, anahamia nyumbani kwa kapteni mjini Khabarovsk. Huko hata kukata mti wa kuni ni kosa. Munzuk anajikunyata mbele ya jiko, na yule mwindaji wa Khanka amepungua kimo kabisa. Anaomba kurudi porini. Bunduki mpya anayopewa ndiyo inayomponza. Dersu wa kweli aliuawa mwaka 1908.

Oscar ilikuja mwaka 1976, sifa zikamwendea Kurosawa. Alizistahili, kwa mtu aliyejaribu kujiua mwaka 1971 kisha akarudi kutengeneza filamu. Lakini mimi nikiulizwa nani aliibeba filamu hii, nitamtaja Munzuk kwanza, kisha Yuri Solomin, aliyemwigiza kapteni, kwa namna alivyojua kumsikiliza.