Kupoteza Mara ya Pili

Tumezoea kuhesabu msiba kuwa ni tukio. Mtu amefariki, nyumba imeungua, macho yamezima. Tunakwenda kutoa pole, tunakaa matanga, kisha tunaona kwamba yaliyokuwa ya kutokea yameshatokea, iliyobaki ni kuzoea. John Hull ndiye aliyenionyesha kwamba kuna kupoteza kwingine, kunakoanza baada ya watu kukunja mikeka na kurudi makwao.

Hull alizaliwa mwaka 1935 huko Corryong, mji mdogo wa Victoria nchini Australia, baba yake akiwa mchungaji wa Kimethodisti. Macho yalianza kumsumbua angali mvulana. Alipasuliwa mara kadhaa, jicho moja likatangulia kuzima, akaishi miaka mingi kwa kulitegemea lile la pili. Mwaka 1980, akiwa mhadhiri wa elimu ya dini katika Chuo Kikuu cha Birmingham, Uingereza, aliandikishwa rasmi kuwa kipofu. Kufikia 1983 hata ule mwanga hafifu wa kumjulisha dirisha liko upande gani ulikuwa umetoweka. Mwaka huohuo akachukua kinasa sauti, akatia kaseti, akaanza kusema.

Hakuwa mtangazaji, wala hakuwa akimhutubia mtu. Alihofu kwamba asipouelewa upofu wake, utammaliza. Kwa miaka kama 3 aliendelea kusimulia siku zake kwenye zile kaseti, na mwaka 1990 zikazaa kitabu, Touching the Rock, ambacho daktari na mwandishi Oliver Sacks alikisifu sana.

Katika kaseti hizo anaeleza habari za nyuso. Watu aliowajua zamani walikuwa na sura. Waliokuja baadaye walikuwa sauti tupu. Hilo peke yake lingetosha kumuumiza, lakini taratibu akang'amua kwamba hata zile sura za zamani zinafifia. Akijaribu kumkumbuka mkewe, Marilyn, kinachomjia ni picha fulani waliyowahi kupiga, si Marilyn mwenyewe anayeongea na kucheka. Binti yake wa kwanza alikuwa amemwona akikua, na sura hiyo nayo ikawa inamponyoka. Wadogo wa binti huyo, waliozaliwa baadaye, Hull hakuwa na sura yao ya kupoteza. Hata tabasamu lilianza kumtoka, kwa kuwa haoni tena la mwenzake likimjibu. Ikafika mahali, akitaka kukumbuka namba 3 imeelekea upande gani, hana budi aichore hewani kwa kidole ndipo ajue.

Nashindwa kuipita habari ya kidole hicho. Huyu ni msomi aliyekesha na vitabu maisha yake yote, na sasa namba ambayo mtoto wa chekechea anaitambua imemtoka kichwani, imebaki mkononi. Aliyefiwa ataelewa. Kuna siku unataka kuisikia tena sauti ya mama yako akikuita jina, nayo haiji; yanakuja maneno aliyosema, lakini kwa sauti yako mwenyewe. Hapo unampoteza mara ya pili, na safari hii hakuna anayekuja kukupa pole. Tunamwambia mfiwa kwamba atasahau kidogokidogo tukidhani tunamfariji, kumbe kusahau ndiko anakokuogopa kuliko kitu chochote.

Jioni moja Hull alifungua mlango wa nyumbani, akakuta mvua inanyesha. Akasimama kizingitini. Mvua ilikuwa na mlio wake juu ya paa, mwingine kwenye bomba la maji, mwingine kwenye majani, kwenye njia, kwenye uzio, na kila mlio ukamwambia umbali na umbo la kitu kilichopigwa. Kwa asiyeona, kitu kisichotoa sauti na kisichoguswa ni kama hakipo. Mvua ile ikamrudishia bustani nzima kwa mara moja, mteremko na vichaka vyake, hata akatamani inyeshe na ndani ya nyumba, aipate sebule yake yote. Wanaomtaja Hull hupenda kuishia hapo, kwenye mvua, kana kwamba deni limelipwa. Yeye hakuona hivyo. Nyuso hazikurudi, na hakudai kwamba mvua ilizifidia.

Wala imani yake haikumpa njia ya mkato. Alifika mahali pa kuuita upofu zawadi, akaongeza kwamba ni zawadi asiyoitaka, na kwamba lililobaki ni kujiuliza ataifanyia nini. Baadaye, mwaka 2001, aliandika kitabu cha mazungumzo ya kipofu na Biblia, akionyesha jinsi Maandiko yalivyoandikwa na watu waonao, giza likawa dhambi na asiyeona akawa mfano wa mjinga. Mimbari zetu za Afrika Mashariki zingefaa kumsikia. Kipofu kwetu hutajwa ibadani ama ili aponywe, ama ili wengine waonywe. Ni nadra kuombwa asimame asome somo la siku.

Asome nini, wakati vitabu ni haba? Hull mwenyewe ilibidi atafute watu wa kumsomea vitabu vya taaluma kwenye kaseti, kwa kuwa vilivyorekodiwa wakati huo havikutosha kazi ya mwalimu wa chuo kikuu. Mkataba wa Marrakesh wa 2013, ambao Kenya ilijiunga nao 2017 na Tanzania 2020, unaruhusu kitabu kitolewe kwa nukta nundu au kwa sauti bila kungoja ruhusa ya mwenye hakimiliki. Ruhusa tunayo, na mwanafunzi asiyeona angali anamngoja mwenzake amalize kusoma kitabu ndipo amsomee na yeye.

Hull alifariki Julai 2015, akiwa na miaka 80. Mwaka uliofuata ikatoka filamu Notes on Blindness ya Peter Middleton na James Spinney, ambamo waigizaji wanafuatisha kwa midomo tu. Inayosikika ni sauti yake mwenyewe na ya Marilyn, kutoka kwenye kaseti zilezile. Zikatengenezwa pia nakala zenye sauti ya maelezo, ili asiyeona aketi ukumbini aifuate mwenyewe, bila kumuuliza jirani yake kinachotokea.