Paka na Vyungu vya Miche



Hapa Kwihara, si mbali na tembe lililojengwa upya mahali alipokaa Dk. Livingstone mwaka 1872 akingoja wapagazi, mvua huanza mwezi wa Novemba. Kwa hiyo Oktoba twapanda miche ya nyanya na mipapai katika makopo na vyungu vibovu, tukavipanga barazani, mbuzi wasiifikie. Mwaka mmoja, kila asubuhi tulikuta udongo umefukuliwa, miche imelala, mizizi i juani, na taka ya paka imefukiwa penye mbegu.

Kumtupa paka hatukuweza, maana ndiye mlinzi wa mahindi yetu. Basi tulisaga pilipili kavu, tukainyunyiza juu ya udongo. Usiku alichimba kama desturi yake, kisha akajilamba miguu na kujipangusa uso. Tulimsikia akilia hata alfajiri, jicho moja limevimba. Binti yetu alikaa akimwosha kwa maji, asiseme nasi neno. Twakiri tuliona haya mbele ya mtoto yule.

Ndipo tulipoanza kumtazama paka mwenyewe. Yeye hachimbi kwa ukorofi. Hutafuta udongo laini na mkavu apate kufukia taka yake, nasi tulikuwa tumemwandalia choo kizuri kupita vyote kijijini! Tuliokota mawe madogo, tukayapanga kuzunguka kila mche, tukiacha nafasi ya shina tu. Penye mbegu ambazo hazijaota tulilaza vijiti vya miiba. Maganda ya machungwa yalimzuia siku mbili, harufu ikaisha, hatuyasifu. Dawa ya nondo msiiweke kamwe, ni sumu kwa paka na kwa mtoto atambaaye. Lililofaa kuliko yote ni sanduku bovu lenye mchanga mkavu, nyuma ya jiko. Siku ya tatu alikwisha kulizoea.

Lakini liko neno zito zaidi ya miche. Mama wa nyumba yetu alikuwa na mimba ya miezi minne wakati ule, naye ndiye aliyeondoa taka ile vyunguni kwa vidole vyake. Muuguzi alitueleza kwamba taka ya paka yaweza kuwa na vijidudu viitwavyo toksoplasma, viwezavyo kumdhuru mtoto tumboni. Huchukua siku moja hata tano kabla ya kuweza kuambukiza. Kwa hiyo sanduku lisafishwe kila siku, wala si na mama mwenye mimba. Mikono ioshwe kwa sabuni baada ya kushika udongo, na mboga zioshwe sana. Usiku ule hatukulala, wala usiku mwingi uliofuata.

Mtoto alizaliwa mwezi wa Machi, mzima, tukamshukuru Mungu kwa machozi. Nyanya zilikuwa zimekwisha kuliwa. Paka sasa ni mzee, na jicho lake moja lina ukungu. Hulala juu ya mawe ya chungu cha mpapai, penye jua, nasi humwacha.