Urujuani

Maneno ya sifa yanayotaja rangi kwa nguvu yake yenyewe katika Kiswahili ni matatu tu: -eupe, -eusi na -ekundu. Matatu haya hulifuata jina kokote liendako na kujivika vazi lake: nguo nyekundu, kitambaa chekundu, ua jekundu, macho mekundu. Rangi nyingine zimeazimwa kwa vitu. Jani limetoa kijani, jivu limetoa kijivu, manjano yalikuwa kiungo cha mchuzi kabla ya kuwa rangi, samawati ni mbingu za Waarabu, na zambarau ni tunda la mti uliotoka Bara Hindi. Maneno hayo ya kuazima hayajui kujigeuza. Huhitaji daraja la -a ili yavuke kwenda kwa jina: nguo ya kijani, ua la zambarau.

Maua nayo yametoa sehemu yake. Waridi limetoa rangi ya waridi, ambayo kila mtoto wa shule anaijua. Zafarani, ambayo ni nyuzi za ndani ya ua, imetoa rangi ya zafarani, inayojulikana zaidi na wapishi wa pilau na wauza manukato kuliko wanafunzi. La tatu ni urujuani. Hili ni neno adimu. Mtu aweza kusoma magazeti mwaka mzima asikutane nalo, na akikutana nalo aghalabu hulipita kama mtu apitaye mgeni njiani, akidhani kwamba mwenziwe anamjua.

Mwanafunzi mmoja wa chuo, mzaliwa wa Pemba, alilitumia katika insha. Aliagizwa kueleza kitu kimoja cha nyumbani kwao, naye akachagua kanga ya marehemu bibi yake, akaiita kanga ya urujuani. Mwalimu wake alipiga mstari juu ya neno lile kwa wino mwekundu, akaandika juu yake zambarau, na pembeni akaongeza kwamba mwandishi mwema hutumia neno ambalo msomaji analo. Insha ikarudishwa, na alama zake zikawa za wastani.

Siku ya pili binti yule alikwenda ofisini kwa mwalimu, akabisha hodi, akasimama mpaka alipoambiwa aketi.

“Shikamoo, mwalimu.”

“Marahaba, mwanangu. Una neno?”

“Ninalo, mwalimu, nalo ni lile ulilolikata. Bibi alikuwa na kanga ya zambarau na kanga ya urujuani, na zilikuwa mbili. Ukimletea hii alipotaka ile, alikurudisha.”

Mwalimu alimwuliza tofauti yake ni ipi. Binti akajibu kama alivyofundishwa utotoni: zambarau ni rangi ya ulimi wa mtoto aliyekula zambarau, urujuani ni rangi ya wingu la magharibi jua likisha kuzama, kabla ya adhana ya Isha. Kisha akasema, kwa adabu lakini bila ya kuinamisha macho, kwamba ikiwa neno lile litakatwa basi bibi yake alikuwa na kanga moja.

Jambo hili ni dogo likitazamwa juu juu. Hata hivyo, mwalimu ambaye amesomea lugha hata akapata shahada ya juu hawezi kusikia maneno kama hayo akalala usingizi. Yeye alikuwa amehukumu kwamba maneno mawili ni neno moja, na hukumu yake aliitoa bila ya shahidi. Kamusi zilizokuwa rafuni mwake hazikumsaidia sana, kwa kuwa hulifasiri urujuani kwa kulisogeza karibu na zambarau, na huko huliacha. Basi alilazimika kwenda mbali zaidi, mahali neno lilikotoka.

Lilitoka Arabuni, ambako ni urjuwan. Kiswahili hakipendi konsonanti mbili zisukumane, kwa hiyo kilitia u baina ya r na j, na i mwishoni, likawa urujuani. Hapa yafaa kusema kwamba u ya kwanza ni ya neno lenyewe. Si kiambishi kama ile ya weupe au wekundu, ijapokuwa humdanganya mwanafunzi akatafuta mzizi “rujuani”, ambao haupo.

Waarabu wenyewe walisema kwamba neno hilo si lao. Al-Jawhari, mwanakamusi wa karne ya 10, alieleza katika Sihah yake kwamba asili yake ni Kiajemi, arghawan, na kwamba arghawan ni mti wenye maua mekundu mazuri mno, na kila rangi inayofanana nayo huitwa kwa jina hilo. Mti huo huota katika nchi zinazoizunguka Bahari ya Kati, na hata Uajemi. Tabia yake ni ya ajabu: majira ya kuchipua yanapofika hutoa maua kwanza, majani baadaye, na maua hayangoji vijiti vyembamba, bali hutokeza hata katika gome la shina lenyewe. Waturuki huuita erguvan, na kila mwaka pande mbili za mlango wa bahari wa Istanbul hupambwa nao. Mtu aliyeuona hataki kamusi. Rangi yake ni nyekundu inayoielekea buluu, na si nzito.

Lakini habari haiishii kwa Mwajemi. Zamani sana, Waakadi wa Mesopotamia waliita argamannu sufi iliyotiwa rangi ya thamani, na Kiebrania kina argaman katika Taurati, mahali panapoelezwa mapazia ya hema takatifu. Rangi ile ilitoka kwa konokono wa baharini, si kwa ua. Mwaka 1909 mkemia Paul Friedländer alipotaka kuichunguza alihitaji konokono 12,000 ili kupata gramu 1.4 tu, na kwa hesabu hiyo mtu huelewa kwa nini wafalme waliwakataza watu wengine kuivaa. Wako wataalamu wanaoona kwamba sufi ndiyo iliyotangulia, na kwamba ule mti ulipewa jina la nguo baadaye. Ikiwa ni hivyo, neno linalodhaniwa kuwa limezaliwa na ua huenda ndilo lililolizaa jina la ua. Al-Jawhari hakosi heshima kwa jambo hilo. Yeye alieleza yaliyosemwa na watu wa zama zake.

Hapa mwalimu aliona kioja kimoja. Wafasiri wa Biblia ya Kiswahili ya mwaka 1952, walipofika penye argaman katika kitabu cha Kutoka, waliandika zambarau. Walichagua neno ambalo msomaji analo, sawasawa na alivyofanya yeye kwa wino wake mwekundu, na ndugu wa damu wa argaman, ambaye alikuwa katika Kiswahili akingoja kuitwa, aliachwa mlangoni. Hawalaumiki. Tunda lilikuwa sokoni na mikononi mwa watoto. Urujuani lilikuwa katika vinywa vya wachache.

Je, rangi yenyewe ni ipi? Kwa Waarabu wa kale urujuani ilikuwa wekundu uliokithiri. Katika Muwatta ya Imam Malik imepokewa kwamba Khalifa Uthman alionekana mahali paitwapo al-Arj, siku ya joto kali, yumo katika ihramu, naye amefunika uso wake kwa kitambaa cha urujuani. Wanavyuoni walioishughulikia habari ile walijali zaidi kufunika uso kuliko rangi, na wafasiri wengi huandika “nyekundu” wakaendelea na safari yao. Rangi ya urujuani basi ilianza karibu na damu.

Katika Kiswahili cha leo imehamia upande mwingine kabisa. Waandishi wa sayansi walihitaji jina la rangi ya mwisho ya upinde wa mvua, ile iliyo mbali na nyekundu kuliko zote, na zambarau haikuwafaa, kwa sababu zambarau ya kawaida hupatikana kwa kuchanganya nyekundu na buluu, na mchanganyiko huo haumo katika upinde. Wakalichukua urujuani. Na kwa kuwa Johann Wilhelm Ritter alikwisha kuvumbua mwaka 1801 kwamba ng'ambo ya rangi ile upo mwanga usioonekana, ambao huigeuza chumvi ya fedha kuwa nyeusi, wako wanaouita urujuanimno. Ndiyo mionzi ya jua inayochoma ngozi. Mwanafunzi wa fizikia, ambaye labda hakuwahi kusoma shairi kwa hiari yake, amekuwa mlinzi wa neno ambalo washairi wameliacha. Jambo la kuchekesha ni kwamba Waingereza nao huiita rangi hiyo kwa jina la ua, ua dogo la bustani zao, na Waarabu wa leo vilevile huiita kwa jina la ua hilohilo, banafsaji. Kiswahili kimeondoa ua moja na kuweka jingine, na mahali pake neno limetembea kutoka ukingo mmoja wa upinde wa mvua mpaka ukingo wa pili.

Mtu aweza kusema kwamba neno lililotembea kiasi hicho halina maana tena. Hoja hiyo ni dhaifu. Zambarau, ambayo husifiwa kwa kujulikana, ina ila kubwa kuliko hiyo. Mtu akisema “maji ya zambarau”, je, ni maji yenye rangi hiyo au ni maji yaliyokamuliwa katika tunda? Akisema “mafuta ya waridi”, ametaja rangi au harufu? Hapo ndipo msemaji hulazimika kuongeza neno rangi: maji ya rangi ya zambarau, nguo ya rangi ya chungwa. Urujuani haina shida hiyo. Maji ya urujuani ni rangi tu, kwa sababu hapana mtu wa Pemba, wala wa Mombasa, wala wa Tabora, anayelijua ua la arghawan, wala hapana atakayedhani kwamba limekamuliwa. Neno limelipoteza ua lake, na kwa kulipoteza limebaki rangi tupu. Kwa maana hiyo, katika yale yote yaliyoazimwa, hili liko karibu zaidi na -eupe, -eusi na -ekundu, ingawa halikubali viambishi vyao. Ni ajabu kwamba mgeni wa mbali ndiye aliyefanana zaidi na wenyeji.

Wala si kweli kwamba Afrika ya Mashariki haina kitu cha kulitumia. Mjakaranda, mti uliotoka Amerika ya Kusini ukapandwa kandokando ya barabara za Nairobi na Arusha, huchanua mnamo Oktoba, na maua yake huanguka yakatandika lami. Watu huyaita ya zambarau. Yatazamwe alasiri, jua likiwa limelala: hayana uzito wa tunda, wala hayawezi kutia ulimi rangi. Yanaelekea kuwa kama lile wingu la bibi wa Pemba.

Mwalimu alikwisha kuyafikiri haya yote, na bado palikuwa na jambo moja lisilotoshelezwa na kamusi wala na Al-Jawhari. Bibi yule alipotamka urujuani hakuwa akisema Kiarabu cha karne ya 10 wala fizikia. Alikuwa akiita kanga. Mwalimu akamwomba binti, atakapokwenda nyumbani likizo, airudi na kanga ile kama mama yake ataridhia.

Aliileta imekunjwa ndani ya mfuko wa karatasi, pamoja na ile ya pili. Walizitandaza juu ya meza karibu na dirisha. Ile ya zambarau ilikuwa ingali zambarau, maana bibi aliitunza kwa shughuli. Ile ya urujuani aliivaa kila siku, na sabuni, chumvi ya bahari na jua la uani vilikuwa vimeifanyia kazi miaka mingi. Pindo lilikuwa limebaki na wekundu kidogo. Katikati ilikuwa rangi ya vumbi. Walipoligeuza pindo na kutazama ndani ya mshono, mahali ambapo jua halikufika, palikuwa na ufito mwembamba kama uzi wa rangi yenyewe. Mwalimu aliinama akautazama kwa muda. Akaona kwamba si nyekundu, wala si zambarau.

“Bibi hakupata kuibadilisha jina?” akauliza. “Hata ilipochujuka?”

“Hata siku moja, mwalimu. Mpaka mwisho alisema, nipe ile ya urujuani.”

Mwalimu akaitafuta insha katika mafaili, akafuta neno aliloliandika, na pembeni, palipokuwa na ushauri wake juu ya mwandishi mwema, akapiga mstari. Kisha akamsaidia binti kuzikunja kanga, kila moja peke yake.