Nairobi Mchana na Usiku Pamoja na Nyanya

Wahenga hawakukosea waliponena, "Mgeni njoo, mwenyeji apone." Sisi wakazi wa Loresho hujidai kuwa watu wa Nairobi, lakini ukweli wa mambo ni kwamba mji wenyewe hatuujui. Mjini twaenda kununua sare za shule mwezi wa Januari na kutafuta vitabu, kisha mbio tunarudi kwenye matatu kabla foleni ya Waiyaki Way haijafunga. Nani ana wakati wa kusimama aitazame sanamu? Sanamu ni za watalii bwana!

Desemba iliyopita shangazi yangu anayefanya kazi Dubai alikuja likizo. Yeye ndiye aliyelipia ziara ya siku nzima, gari dogo, dereva na mwongoza watalii, sehemu ya mchana na sehemu ya usiku. Mama alicheka hadi akashika mbavu. "Ati mnalipa pesa kuonyeshwa Nairobi? Si mpande tu matatu mjionee?" Lakini nyanya yangu, ambaye ana umri wa miaka 84, hakucheka. Aliuliza swali moja tu.

"Na hiyo ya usiku, mimi naweza kwenda?"

Shangazi alianza kutaja baridi, magoti na dawa za presha. Nyanya akamkata kauli. "Nimezaliwa kwa miinuko hii, mama yangu akichuma kahawa ya mzungu hapa hapa. Mji nauona kila siku kwa mbali. Usiku sijauona hata siku moja." Basi maneno yakaisha. Shali ilitafutwa, mkongojo ukatafutwa, na saa tatu asubuhi sote tulikuwa garini.

Mwongozaji wetu alikuwa kijana mtanashati mwenye kitambulisho cha kazi kifuani. Tulipokuwa tukishuka kuelekea Westlands chini ya ile barabara ya juu iliyofunguliwa mwaka wa 2022, alianza hotuba yake kwa Kiingereza kama mtu anayesoma kitabu. Hata pumzi alikuwa amezipangia mahali. Nyanya akamgusa bega kwa mkongojo.

"Kijana wangu, sema Kiswahili. Mimi si Mzungu."

Kijana aliangua kicheko. Tangu hapo, wasomaji wapenzi, ziara ilibadilika. Kwa Kiingereza alikuwa akituonyesha majengo. Kwa Kiswahili akaanza kuongea nasi. Alimwita "shosho" kama vijana wa mjini waitavyo wazee wa kike, akamuuliza maswali, na mara nyingine yeye ndiye aliyejibiwa. Alitueleza kuwa jina la mji latokana na maneno ya Kimaasai, Enkare Nairobi, yaani maji baridi, na kwamba hapakuwa na mji wowote hapa hadi reli kutoka Mombasa ilipofika mwaka wa 1899. Pakapigwa kambi ya wajenzi wa reli kwenye kinamasi, kambi ikawa mji, na ilipofika 1950 ukapewa hadhi ya jiji.

Tulipita Museum Hill tukaingia barabara ya Harry Thuku, karibu na Chuo Kikuu. Mimi nilikuwa nimelisikia jina hilo darasani kama jina la mtihani tu. Mwongozaji akasimamisha gari. Alisema kwamba Machi 1922 Harry Thuku alikamatwa kwa kupinga kodi, kazi za kulazimishwa na kipande. Tarehe 16 watu walikusanyika kwenye kituo cha polisi kudai aachiliwe. Wanaume walipoanza kulegea, mwanamke aliyeitwa Mary Muthoni Nyanjiru aliwashutumu hadharani na umati ukasonga mbele. Risasi zikafyatuliwa. Watu wengi walikufa, na Nyanjiru akiwa miongoni mwao.

"Kipande ni nini hasa?" nikauliza. Kwetu sisi, kipande ni jina la mtaani la kitambulisho: "Umechukua kipande?" Au ni kipande cha mkate. Mwongozaji alifungua mdomo kujibu, lakini nyanya alikuwa ameshaanza.

"Baba yangu alikuwa nacho. Karatasi ndani ya kijisanduku cha bati, kimefungwa kwa kamba, kinaning'inia shingoni. Sisi tulikiita mbugi, kengele ya mbuzi. Akija nyumbani tunasikia kikilia kwa vifungo vya koti, tunajua ni yeye."

Garini kulitulia. Mwongozaji alitoka akatupeleka Kenyatta Avenue, akatuonyesha jengo la mawe liitwalo Kipande House, lililojengwa mwaka wa 1913. Humo ndimo Waafrika waliandikishwa vipande. Sheria yenyewe ilitungwa 1915, ikaanza kutekelezwa kwa ukali baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Kila mwanamume Mwafrika aliyefikisha miaka 16 alipaswa kubeba chake, nacho kilionyesha alama za vidole vyake, mwajiri wake na mshahara wake. Mwajiri asipotia sahihi ya kumwachilia, mtu hawezi kuajiriwa kwingine. Siku hizi jengo hilo ni benki. Watu waliingia na kutoka, mmoja akihesabu noti zake bila wasiwasi. Nyanya alikataa kushuka garini. Alilitazama jengo kupitia dirishani, akasema tu, "Kumbe ni kadogo hivi."

Mbele kidogo, barabarani humo humo, zipo sanamu tatu za askari wa Vita vya Kwanza. Hapo alishuka. Chini yake pameandikwa maneno kwa Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili, na nyanya, ambaye alijifunza kusoma ukubwani katika masomo ya ngumbaru, aliyasoma kwa sauti herufi kwa herufi. Wapita njia waligeuka kututazama. Mwongozaji alituonyesha kuwa mmoja wa wale watatu hana bunduki. Huyo ni mpagazi. Maelfu kwa maelfu ya wapagazi walikufa kwa njaa na magonjwa wakibeba mizigo ya vita visivyokuwa vyao, na mtaa wa Kariokor ulipata jina lake kutokana na kikosi chao, Carrier Corps. Nimepita Kariokor mara ngapi kununua kiondo! Jina lilikuwa mbele ya macho yangu siku zote.

Baada ya kula chapati na ndengu katika hoteli ndogo ya River Road, tulikwea KICC alasiri. Jumba hili la orofa 28 lilikamilika mwaka wa 1973, nao wasanifu wake walikuwa Karl Henrik Nøstvik wa Norway na David Mutiso, Mkenya. Ukifika kwenye paa, upepo unakupokea kama mtu anayetaka kukuvua shati. Magharibi tuliona miinuko ya kijani, Westlands na Loresho yetu nyuma yake. Mashariki miti ilipungua na mapaa yakabanana hadi upeo wa macho.

"Hiyo haikutokea tu," mwongozaji alisema. "Mji ulipangwa kwa rangi ya ngozi. Wazungu walichukua miinuko ya magharibi na kaskazini, kwenye hewa safi. Wahindi wakapewa Ngara na Parklands. Waafrika wakapelekwa mashariki, Pumwani, Shauri Moyo, Kaloleni, Bahati. Na hata huko, mtu alikaa kwa kibali."

"Na wewe nyanya ulikaa Loresho vipi?" niliuliza.

"Kama kuni," akajibu. "Kuni pia hukaa nyumbani mwa tajiri."

Hapo ndipo alipotusimulia habari ambayo sikuwahi kuisikia. Alikuwa na kaka mkubwa aliyeshona nguo kwa fundi mmoja mjini. Alfajiri ya tarehe 24 Aprili 1954 jeshi na polisi waliuzingira mji wote. Mwongozaji aliongeza kwamba operesheni hiyo iliitwa Anvil, na kwamba zaidi ya watu 20,000, wengi wao Wakikuyu, Waembu na Wameru, walizuiliwa. Walichujwa Lang'ata, kisha wengi wakapelekwa kambi za Mackinnon Road na Manyani. Kaka yake nyanya alikwenda Manyani. Alirejea baada ya miaka mitatu, lakini hakushika sindano tena, vidole vilikuwa vinatetemeka. Nyanya wakati huo alikuwa kigoli wa miaka kumi na mitatu. Mama yake alimwapisha asikanyage mjini jua likishatua. Uhuru ulipokuja 1963, kile kiapo kilibaki mwilini. Alienda sokoni, alienda hospitali, alienda harusini, lakini saa kumi na moja jioni miguu yake ilikuwa tayari njiani kurudi.

Sisi vijana tunaijua kafyu kidogo. Kuanzia tarehe 27 Machi 2020 hadi 20 Oktoba 2021 tulifungiwa usiku kwa sababu ya korona, na tuliilalamikia kama watoto walionyimwa peremende. Ilikuwa miezi kumi na minane na ushei. Ya nyanya ilikuwa miaka sabini.

Magharibi iliingia tukiwa bado mjini. Taa ziliwaka moja moja, kisha zote kwa pamoja, na Nairobi nyingine ikaamka. Matatu zilipita zikiwa zimechorwa nyuso za wanamuziki na wachezaji kandanda, taa za buluu na zambarau zikimetameta ndani, muziki ukitikisa vioo vya maduka. Makanga waliimba majina ya mitaa: "Rongai! Rongai beba! Kangemi mbao!" Kando ya Moi Avenue wachuuzi walikuwa wametandika magunia na kupanga viatu, mikanda na nguo za watoto. Harufu ya mutura iliyokuwa ikichomwa ilitufuata. Nyanya alishika mkono wangu upande mmoja na mkongojo upande wa pili, guu mosi guu pili, macho yake hayatulii.

Tulianzia kwenye jengo la Hifadhi ya Kitaifa, lililokuwa benki tangu enzi za ukoloni. Karibu hapo imesimama sanamu ya Tom Mboya, iliyozinduliwa mwaka wa 2011, si mbali na mahali alipopigwa risasi tarehe 5 Julai 1969. Tukavuka polepole hadi Kimathi Street. Dedan Kimathi alinyongwa Kamiti tarehe 18 Februari 1957, na miaka hamsini baadaye, mwaka wa 2007, akasimamishwa hapo akiwa wa shaba, bunduki mkononi. Watu walikuwa wameketi chini ya sanamu wakila chipsi na kupiga picha. Bawabu wa duka moja alimwamkia nyanya: "Shikamoo mama, mbona usiku hivi?"

"Natembea tu," akajibu. Kisha akanigeukia. "Saa ngapi?"

"Saa tatu u nusu."

Alinyamaza kidogo. "Saa tatu u nusu, na hakuna aliyeniuliza kipande."

Shangazi alikuwa akifuta machozi kwa ncha ya leso. Nilidhani mwongozaji atasema neno la kufurahisha, maana ndiyo kazi yake. Lakini alisema pole pole, "Shosho, wewe hawakuulizi kwa sababu una mvi. Sisi bado tunaulizwa." Alitueleza kuwa usiku mmoja alipokuwa akitoka kazini alisimamishwa njiani, akaamrishwa kutoa kitambulisho. Alikuwa amekisahau nyumbani. Alilala chini ya sakafu ya saruji hadi asubuhi, na walipomwachilia hakuna aliyemweleza kosa lake. Waliomfanyia hivyo hakuwataja, nami sitawauliza.

Wakati tukiongea hayo mbinja ilipigwa upande wa pili wa barabara. Kufumba na kufumbua, wachuuzi walikunja magunia yao na kutoweka vichochoroni kama samaki waliotupiwa jiwe. Kiatu kimoja cha mtoto kilibaki njiani. Mwanamke mmoja alirudi akinyatia, akakiokota, akamtazama nyanya, nyanya naye akamtazama. Hawakusemezana. Nyanya aliuvuta mkono wangu. "Twende nyumbani. Nimeona."

Wanachama wenzangu, wapo watakaosema kuwa ziara za namna hii ni za wageni wenye dola. Mimi nasema la hasha. Mji wetu umejaa maneno yaliyokuwa yakitusubiri: Kariokor, Shauri Moyo, Harry Thuku, kipande. Tunayatamka kila siku kwenye matatu bila kuyasikia. Si lazima mtu akodishe gari. Mchukue mzee wako mmoja, mpeleke mjini mchana, na Mola akijalia mwache auone na usiku, halafu muulize kwa lugha anayoielewa. Kisha sikiliza. Sikiliza pia kijana anayewaongoza, kwa maana habari za mji hazikuisha na ukoloni.

Mwaka ujao nitatimiza miaka 18 na kwenda kuchukua kitambulisho changu. Wenzangu watanipongeza kwa kupata kipande, nami nitafurahi pamoja nao, kwani hicho hutumika kupiga kura na kufungua akaunti ya benki. Lakini nitakitia mfukoni nikijua kilikotoka. Cha baba yake nyanya kilining'inia shingoni ili ajulikane ni wa nani. Changu nataka kiseme jambo moja tu, kwamba mimi ni mwenyeji hapa, mchana na usiku.