MAKHARIJI: RAMANI YA SAUTI



Ndugu wasomaji, sisi wanafunzi wa darasa la tajwidi tumeona tuchangie katika jarida letu la mwaka huu somo ambalo wengi hulikimbia, nalo ni makhariji, yaani mahali zinapotokea herufi. Wengi wetu tumetoka Shinyanga vijijini, Kahama, Katoro na Geita, na lugha tuliyoikuta nyumbani ni Kisukuma. Huko kwetu faida ya ramani inajulikana. Leseni ya mchimbaji mdogo huonyesha eneo lake kwa latitudo na longitudo, maana ukivuka mpaka hatua chache tu umeshachimba kwa jirani, na ugomvi umeanza. Herufi nazo zina mipaka. Moyo kwa Kiarabu ni qalb, na mbwa ni kalb. Qaf hutoka kwenye shina la ulimi na kaf mbele yake kidogo. Nafasi hiyo ndogo ndiyo inayotenganisha moyo na mbwa.

Ramani hii si ya jana. Al-Khalil bin Ahmad, mzaliwa wa Oman aliyeishi Basra katika karne ya 8, alilipanga kamusi lake kwa kufuata herufi zinavyotoka, akaanzia kooni na herufi ain badala ya alif. Ndiyo maana likaitwa Kitabul-Ain. Baada yake Ibn al-Jazari (1350–1429) alishika hesabu ya makhariji 17 katika sehemu tano: uwazi wa kinywa na koo 1, koo 3, ulimi 10, midomo 2 na pua 1. Njia ya kuipima herufi ni rahisi. Itie sukuni, weka hamza yenye fat-ha mbele yake, kisha tamka: ab, aq, ar. Pale sauti inaposimama ndipo makhraji yake.

Lakini mahali peke yake hapatoshi. Herufi ط, د na ت zote zina makhraji moja, na zinatofautishwa na sifa, kama vile uzito na wepesi, au pumzi kuzuiwa na kuachiwa. Basi kila herufi ina vipimo viwili, makhraji na sifa, kama eneo la leseni lilivyo na latitudo na longitudo.

Sasa tuje kwenye jambo linalotugusa. Msukuma hutaniwa kila anapokwenda kwamba "habari" kwake ni "habali", na wapo wenzetu walioacha kusoma kwa sauti kwa kuogopa kuchekwa. Wajue kwamba lam na ra ni majirani wa karibu sana kwenye ncha ya ulimi. Maimamu wa lugha kama al-Farra na Qutrub waliziweka lam, nun na ra katika makhraji moja, na hii ni sababu mojawapo ya hesabu yao kuwa 14 badala ya 17. Kwa hiyo mwenye kusema lam mahali pa ra hajapotea mbali, amesimama mlangoni kwa jirani. Aurudishe ulimi ndani kidogo, atafika. Na ghunna ya puani, ambayo wengine huihangaikia, sisi tuna mazoezi yake tangu utotoni, kwani anayesema "mhola" ameshazoea kupitisha sauti puani.

Wako pia walioitazama ramani hii kwa jicho la siri. Ibn Arabi (1165–1240), katika al-Futuhat al-Makkiyya, alizipanga herufi 28 kuanzia hamza ya kooni hadi wau ya midomoni, akailinganisha kila moja na daraja la viumbe na vituo 28 vya mwezi. Hayo ni mazungumzo ya wanazuoni, na wanazuoni wenyewe wamehitilafiana. Tunalolihofia sisi ni herufi kugeuzwa biashara ya bahati, zikaandikwa kwenye vibox vya karatasi na kuvaliwa hirizi ili mtu apate dhahabu duarani. Imani ya dawa za utajiri imeliumiza eneo letu. Wenzetu wenye ualbino waliuawa Kanda ya Ziwa kwa ajili yake, na Septemba 2009 Mahakama Kuu iliyokaa Kahama ilitoa hukumu ya kifo kwa watu watatu. Herufi hazikuteremshwa kwa kazi hiyo. Tumeamrishwa kuzisoma kwa tartili, kama ilivyo katika Suratul-Muzzammil.

Ndugu zetu, tushike mambo matatu. Kwanza, tujifunze mbele ya mwalimu, kwa kuwa kitabu hakikusikii unapokosea. Pili, anayeishi karibu na makarasha ya kusaga mawe atafute saa na mahali pa utulivu, maana sikio lisilosikia haliwezi kuusahihisha ulimi. Tatu, tusichekane. Imepokewa kwa Bibi Aisha (r.a.), katika Bukhari na Muslim, kwamba anayeisoma Qur'ani huku akitatizika na kuona uzito ana ujira mara mbili. Basi huyo tunayemcheka "habali" yake huenda ametutangulia.

Allah atujaalie ndimi nyepesi na nyoyo zenye kufahamu. Amin.

Wabillahi tawfiq.