Kisiwa cha Waarmenia katika Maji ya Venice



Mama zangu, dada zangu, na nyote mnaosoma ukurasa huu pamoja na watoto baada ya Isha, wiki hii nawapeleka mbali kidogo. Mwezi wa Mei mimi na ahli yangu tulikuwa Padova, nchini Italia, kumtazama binti yetu aliyejifungua. Siku moja mkwe wetu alitukatia tiketi ya ziara katika mji wa Venice, akaniambia, "Baba, hii si safari ya kutazama maduka. Utaipenda, ina vitabu." Ziara hiyo ilihusu Waarmenia na athari walizoziacha katika mji ule, nami nakiri kwamba kabla ya siku hiyo, habari zao nilizozijua zingetosha kwenye kiganja.

Mwongozaji wetu alikuwa binti wa Kiitalia mwenye adabu na sauti ya kusikika. Alianzia nyuma ya uwanja wa San Marco, katika kichochoro chembamba kama vile vya Mji wa Kale wa Mombasa, ambapo watu wawili wakikutana mmoja hulazimika kujibana ukutani. Humo mna kanisa la Waarmenia lililowekwa wakfu mwaka 1688, nalo halionekani kwa anayepita. Mlango wake ni kama wa nyumba nyingine yoyote. Waarmenia walikuwa na nyumba yao ya kufikia wageni mtaani hapo tangu karne ya 13. Wakija na hariri kutoka Mashariki, walikuwa na mahali pa kulala na watu wa kuzungumza nao lugha yao. Msomaji wa Pwani hahitaji kuelezwa maana ya nyumba kama hiyo.

Hapo ndipo nilipojifunza jambo la kwanza. Kitabu cha kwanza kupigwa chapa kwa herufi za Kiarmenia kilichapishwa Venice, mwaka 1512, na mtu aliyeitwa Hakob Meghapart. Miaka kama 25 baadaye, katika mji huohuo, Wataliana waliipiga chapa Qur'ani Tukufu kwa mara ya kwanza duniani, wakitaraji kuiuza Mashariki. Ilijaa makosa ya herufi na irabu, na haikupata soko. Nakala moja tu ndiyo inayojulikana, nayo iligunduliwa mwaka 1987 katika maktaba ya watawa mjini humo. Nilipolisikia hilo nilimnong'oneza mwenzangu kwamba tofauti ni wazi: kitabu cha Waarmenia kilichapwa na mwenye lugha, na cha kwetu kilichapwa na mfanyabiashara.

Tuliipita kwa haraka nyumba kubwa ya wafanyabiashara wa Kituruki kwenye Mfereji Mkuu, iliyokuwa makazi ya Waislamu kuanzia mwaka 1621 hadi 1838, ikiwa na mahali pa kusalia na hamamu yake. Siku hizi ni makumbusho ya wanyama na mifupa. Tulionyeshwa pia jumba lililokuwa shule ya vijana wa Kiarmenia, iliyoendeshwa kwa mali ya matajiri wawili wa Madras, Edward Raphael na Samuel Moorat. Fedha iliyochumwa upande wa pili wa bahari yetu hii ya Hindi ilifika huko kusomesha watoto wa watu!

Nilisali Adhuhuri na Alasiri, kwa kupunguza na kukusanya, katika bustani ndogo karibu na gati. Kisha tukapanda boti ya abiria nambari 20. Boti hizo ndizo matatu za mji ule, na hujaa vilevile. Kwa muda wa kama dakika 20 tukawa San Lazzaro, kisiwa kidogo chenye majengo ya matofali mekundu, miti mirefu, na mnara wenye kuba mithili ya kitunguu. Zamani kilikuwa mahali pa kuwatenga wagonjwa wa ukoma. Mwaka 1717 watawala wa Venice walimpa mtawa mmoja wa Kiarmenia, Mekhitar, aliyezaliwa Sivas mwaka 1676. Alikuwa ameunda jumuiya yake Istanbul, akaondoka huko kwa ugomvi wa madhehebu baina ya Wakristo wenyewe, akaenda Ugiriki, na vita vilipomfikia huko akakimbilia Venice. Wanafunzi wake wako kisiwani mpaka leo.

Najua wako watakaouliza, shekhe ameingiaje nyumba ya watawa? Niliingia kutazama na kujifunza, si kuabudu, na kanisani nilisimama karibu na mlango. Katika Suratul-Hajj, aya ya 40, nyumba za watawa zimetajwa miongoni mwa mahali Mwenyezi Mungu anapopalinda, tena zimetangulia kutajwa kabla ya misikiti. Atakaye na aifungue tafsiri yake.

Mtawa mzee alitupokea, akatuonyesha maktaba. Mna hati zilizoandikwa kwa mkono zaidi ya 4,000. Ndugu zangu, nilisimama pale kama mtoto. Watu hawa walipata herufi zao karibu mwaka 405, herufi 36, zilizobuniwa na mwanachuoni wao Mesrop Mashtots, na tangu hapo wamezishika kama mtu aliyezama anavyoshika ubao. Nchi yao iligawanywa na kutawaliwa na kila mwenye nguvu, lakini herufi zilibaki. Mekhitar mwenyewe alitumia umri wake kutunga kamusi ya lugha yao, na ilianza kutoka chapani mwaka 1749, mwaka aliofariki. Kisiwani palikuwa na mitambo ya chapa tangu mwaka 1789, ikichapa kwa lugha nyingi. Napoleon alipofunga nyumba za watawa, hii aliiacha, kwa kuihesabu kuwa ni chuo cha elimu. Mshairi wa Kiingereza Byron alikuja hapa mwaka 1816 kujifunza Kiarmenia, na chumba alichosomea kinaonyeshwa. Mwaka 1975 moto uliunguza sehemu ya majengo.

Chumbani humohumo mna maiti ya Mmisri wa kale, iliyofunikwa wavu wa shanga. Ilipelekwa kama zawadi mwaka 1825 na Boghos Bey, Mwarmenia aliyekuwa waziri wa Muhammad Ali Pasha wa Misri. Ahli yangu aliitupia jicho moja, akasoma istirjai na kutoka nje, akatusubiri bustanini penye mawaridi. Watawa huyafanya mawaridi hayo jamu, kwa majani ya maua na sukari, wakati wa Mei. Alinunua kichupa, na hilo ndilo alilolisimulia zaidi tuliporudi.

Kisha mwongozaji akafika mwaka 1915. Alieleza kwa sauti ya chini jinsi serikali ya Dola ya Uthmaniya ilivyowang'oa Waarmenia majumbani mwao na kuwaswaga kwa miguu kuelekea majangwa ya Sham, wengine wakiuawa njiani, wengine wakifa kwa njaa na kiu. Wanahistoria wengi huhesabu waliokufa kuwa milioni moja au zaidi. Nilikuwa nimevaa kanzu na kofia, peke yangu katika kundi lile. Macho mawili matatu yalinigeukia. Ulimi uliniwasha niseme kwamba dini yetu haikuamrisha hayo, kwamba imekataza kumuua mwanamke, mtoto na mtawa. Nikanyamaza. Hakuna aliyeniuliza, na maneno yangu yasingemfufua mtu.

Tulipotoka, bibi mmoja wa makamo ya miaka 70 alinijia akanisalimu kwa Kiarabu cha Halab. Nikamjibu kwa Kiarabu changu cha chuoni, naye akacheka, akasema nazungumza kama niliye juu ya mimbari. Alizaliwa Halab na sasa anaishi Marseille. Tukakaa kwenye benchi, mke wangu kati yetu.

"Bibi yangu alikuwa na miaka saba," alisema. "Alifukuzwa na watu wanaosali kama wewe, shekhe, na akafichwa na watu wanaosali kama wewe."

Alinisimulia kwamba mamake huyo mtoto, njiani kwenda Deir ez-Zor, kila jioni alimwandikia herufi za Kiarmenia mchangani kwa kidole, ili asisahau kuandika jina lake. Mama alifia huko. Mtoto akachukuliwa na jamaa ya Kibedui wakamlea. "Yule mama wa Kibedui hakujua kusoma hata alifu," alisema, "lakini alipomwona mtoto anachora zile alama mchangani, hakumkataza. Humsogezea mchanga safi."

Mke wangu alimshika mkono. Mimi nilimweleza niliyoyasoma zamani: kwamba Celal Bey, gavana wa Halab, alikataa kutekeleza amri ya kuwafukuza Waarmenia akahamishwa, na kwamba Sharifu Hussein bin Ali wa Makka aliwaandikia wakubwa wa Kiarabu wakati wa vita ile akiwaamuru wawalinde, kwa kuwa ni watu wa dhima. Ya Sharifu alikuwa akiyajua. Alisema nyumbani kwao waraka ule ulikuwa ukitajwa. Hakusema kwamba unatosha, nami sikudai hivyo.

Ndani ya boti, tukirudi, mwenzangu aliniuliza ghafla, "Lile sanduku la marehemu baba yako, lililo chini ya kitanda, lina nini?" Nilijua lina nini: hati za Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, mashairi, dawa, nasaba, na barua za marehemu bibi yangu kwa dada yake. Sikulifungua kwa miaka tisa.

Tuliporudi Kenya nililifungua. Mchwa walikuwa wamekula kona moja, na kurasa za chini zilishikana kwa unyevu. Barua za bibi zimesalimika, isipokuwa mbili. Mjukuu wangu, msichana wa darasa la sita, anasoma Qur'ani vizuri, lakini alipoiona barua alidhani ni Kiarabu. Nilimsomea mstari wa kwanza, ambao ni salamu na swali la bei ya samli. Akakodoa macho, "Babu, kumbe ni Kiswahili!" Siku hizi, Alhamisi baada ya Alasiri, tunasoma barua moja moja. Tumefika ya nne, na ameshaanza kunisahihisha.