Barua Iliyochapwa Kabla Sijasikilizwa

Nilikuwa mtunza stoo katika kampuni ya kusambaza vyakula jijini Dar es Salaam. Asubuhi moja niliitwa ofisini, nikaambiwa katoni za mafuta ya kula zimepotea na anayetuhumiwa ni mimi. Sikupewa barua ya kujieleza, wala sikuambiwa zilipotea lini. Niliambiwa tu kwamba kikao cha nidhamu ni saa nane mchana, siku ileile.

Mwenyekiti wa kikao alikuwa meneja yuleyule aliyenituhumu. Niliomba leja ya stoo iletwe, akasema haina haja. Niliomba kiongozi wa tawi la chama cha wafanyakazi aingie nami, akakataa. Kisha akanisogezea karatasi nisaini. Ilikuwa barua ya kuachishwa kazi, imeshachapwa na kugongwa muhuri, na tarehe yake ilikuwa ya jana yake. Niliisoma mara mbili. Chini yake nikaandika, "Nimepokea, lakini sikubali tuhuma," nikasaini na kudai nakala.

Kipindi kilichofuata kilikuwa kigumu. Kodi ya nyumba ilinisubiri, ada za watoto zilinisubiri, lakini kilichoniuma kuliko vyote ni kuitwa mwizi. Kila nilikoomba kazi waliuliza kwa nini nimeondoka kule.

Aliyenishika mkono ni yule kiongozi wa tawi. "Mwanangu," aliniambia, "una siku 30 za kupeleka mgogoro CMA, yaani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Zikipita, utaanza kwanza kujieleza kwa nini umechelewa." Akanionyesha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004. Kifungu cha 37 kinamtaka mwajiri awe na sababu halali na pia afuate utaratibu wa haki. Kimoja bila kingine hakitoshi. Kanuni za Utendaji Bora za 2007 zinaueleza utaratibu wenyewe: uchunguzi ufanyike, mfanyakazi aelezwe tuhuma kwa lugha anayoielewa, apewe muda wa kujiandaa ambao kwa kawaida haupungui saa 48, aingie na mwenzake au mwakilishi wa chama, na kikao kiongozwe na mtu ambaye hakuhusika na jambo lenyewe.

Nikapeleka mgogoro, na kule CMA nilijifunza jambo lililonipa nguvu: kwa kifungu cha 39 cha sheria ileile, anayetakiwa kuthibitisha kwamba kuachishwa kazi kulikuwa kwa haki ni mwajiri. Msuluhishi aliuliza taarifa ya uchunguzi iko wapi, barua ya tuhuma iko wapi, muhtasari wa kikao uko wapi. Kampuni ilikuwa na barua moja tu, yenye tarehe iliyotangulia kikao. Tukasaini mapatano: barua ifutwe, nisikilizwe upya.

Safari hii nilipewa tuhuma kwa maandishi na muda wa kuzisoma. Mwenyekiti alitoka tawi jingine la kampuni, na kiongozi wetu alikaa kando yangu. Leja ikafunguliwa. Katoni zile zilitolewa usiku, zamu ambayo sikuwepo, na saini iliyopokea ufunguo haikuwa yangu. Nilimuuliza shahidi wao mwenyewe, akakiri hajawahi kuitazama leja. Tuhuma hazikuthibitika, nikarudi kazini. Namshukuru Mungu.

Wapo wasemao utaratibu huu unawalinda wezi. Mimi nimeuona ukifanya kinyume chake. Meneja alikuwa na hakika yake, nami nilikuwa na neno langu. Kilichotenganisha ukweli na dhana ni leja iliyofunguliwa mbele ya mtu asiyekuwa na upande. Kama ningekuwa nimeiba, ukurasa uleule ungenihukumu. Kwa haraka ile ya kwanza, kampuni ingebaki na upotevu wake, nami ningebaki na aibu isiyo yangu.

Ndugu mfanyakazi, ukiitwa kwenye kikao cha nidhamu, omba tuhuma kwa maandishi, omba muda, ingia na mwenzako, na utunze kila nakala. Usisaini usichokisoma. Na wakikuachisha kazi, anza kuzihesabu siku 30 siku hiyohiyo.